Limahong ni nani hasa? Kumsaka mtu nyuma ya jina la Kichina lililoandikwa kwa herufi za Kizungu

Mwishoni mwa Novemba 1574, merikebu zaidi ya 60 zilitokea kwenye ghuba ya Manila zikiwa zimebeba maelfu ya watu, wapiganaji pamoja na familia zao. Wahispania walikuwa wameushika mji huo kwa miaka mitatu tu. Jemadari wao Martín de Goiti aliuawa katika shambulio la kwanza. Mji uliponea chupuchupu, kwa sababu kapteni kijana, Juan de Salcedo, aliziona merikebu hizo zikipita pwani ya kaskazini akakimbilia kuwaokoa wenzake. Wavamizi waliposhindwa Manila walipanda kaskazini mpaka mdomo wa mto Agno, huko Pangasinan, wakajenga ngome. Salcedo aliwafuata Machi 1575, akazichoma merikebu zao na kuwazingira kwa miezi kadhaa. Mapema Agosti wakampiga chenga, wakaingia mashua walizounda upya humo humo ndani ya ngome na kutokomea baharini. Pale Lingayen mpaka leo kuna mfereji unaoitwa kwa jina la kiongozi wao.

Jina hilo ni Limahong. Waandishi wa Kihispania wa wakati ule waliliandika pia Limahon, bila g. Watoto wa Ufilipino hulisoma shuleni katika somo la historia. Lakini mpe Mchina aliyesoma vizuri karatasi yenye jina hilo peke yake, umwambie aliandike kwa herufi za kwao, na kalamu itasimama hewani. Lilivyo hapo, si la Kichina wala si la Kihispania. Ni kivuli cha sauti ambayo mtu fulani aliisikia miaka 450 iliyopita, akaikamata kwa herufi alizokuwa nazo.

Makala haya yanahusu namna ya kumrudia mwenye jina. Nimemchagua Limahong kwa sababu kisa chake kinaonyesha karibu kila mtego uliopo, na kwa sababu mwisho wake unajulikana.

Tuanze na ugumu wenyewe. Herufi moja ya Kichina hubeba silabi moja pamoja na maana yake. Silabi za Kimandarini, yaani Kichina rasmi cha leo, ukiziondolea toni (kule kupanda na kushuka kwa sauti kunakobadilisha maana), ni kama 400 tu. Ukiweka toni zinafika kama 1,300. Herufi kwa upande wao ni maelfu, na kamusi moja ya kale iliyoandaliwa kwa amri ya mfalme Kangxi ina zaidi ya 47,000. Kwa hiyo herufi nyingi sana zinagawana sauti chache. Ukiandika “li” kwa Kilatini bila alama ya toni, Mchina atakuuliza: li ipi? Kuna ukoo wa Li wenye mamilioni ya watu, halafu kuna koo nyingine ndogo ambazo nazo husomwa Li na hazina undugu wowote na ule mkubwa. Kuvuka kutoka herufi za Kichina kwenda Kilatini ni kama kusaga mahindi. Kurudi kutoka unga kwenda punje ndiyo kazi.

Pamoja na hayo watu wamekuwa wakijaribu kurudi kwa njia ya mkato. Wachina wa zama za karibuni walipokutana na Limahong katika vitabu vya Kizungu, na hawakujua ni nani, walimtungia jina kwa kufuata mlio: Li Maben. Jina lina ukoo mbele na jina la mtu nyuma, kama majina yote ya Kichina, na mtu asingelitilia shaka akilikuta barabarani. Kasoro yake ni moja tu: mtu huyo hakuwahi kuzaliwa. Kosa hili bado linafanyika kila siku, tena sasa kwa kasi zaidi, maana mtu huchukua jina la kale, akaligawa Li-Ma-Hong, akaliandika kwenye simu kwa pinyin, mfumo wa leo wa kuandika Kichina kwa herufi za Kilatini, na simu kwa ukarimu wake ikampa herufi tatu nzuri. Simu haijawahi kumwambia mtu kwamba swali lake ni baya.

Mtego wa pili ulikuwa mkubwa kuliko huo, kwa kuwa ulivaa joho la serikali. Historia rasmi ya utawala wa Ming, iliyokamilishwa mwaka 1739 chini ya watawala wengine kabisa, ina sura kuhusu Luzon, kisiwa ambacho Manila ipo. Sura hiyo inasema kwamba mwaka wa 4 wa mfalme Wanli, yaani 1576, askari wa serikali walimfukuza haramia hadi Luzon na wenyeji wakasaidia kumpiga. Mwaka unakaribiana, mahali ni pale pale, kisa ni kile kile. Na haramia huyo anatajwa kwa jina: Lin Daoqian. Wasomi wengi waliridhika. Limahong amepatikana, faili lifungwe.

Ila ukilisoma jina hilo kwa sauti, sikio linakataa. Lin na Lim, sawa, hao ni ndugu. Lakini “Daoqian” inageukaje “ahong”? Hakuna lahaja ya Kichina ambayo ingefika huko. Hapa ndipo mtafiti mzuri anapoachana na mtafiti mvivu: mvivu husema Wahispania walikosea kusikia. Wageni hukosea kusikia, ni kweli, ila makosa yao yana mpangilio. Mgeni anaweza kuibadilisha t ikawa d, au kuimeza sauti ya mwisho asiyoizoea. Hawezi kukuundia silabi nzima ambazo hazikutamkwa.

Basi swali la kwanza la kuuliza, kabla ya kugusa herufi yoyote, ni hili: nani alitamka, na nani aliandika?

Msomaji wa Kiswahili anaielewa hoja hii bila shida. Mpe daftari la msafiri wa kale lenye maneno “nti”, “mtele” na “ndia”. Mtu wa bara anaweza kudhani msafiri alikuwa kiziwi. Mtu wa Lamu atacheka tu, kwa sababu nti ni nchi, mtele ni mchele, ndia ni njia, na daftari hilo halikuandikwa Unguja. Herufi moja ya t mahali pa ch inakuambia bandari ambayo msafiri alishuka.

Kichina nacho kina bandari zake. Tunachokiita Kichina kwa jina moja ni lugha nyingi ambazo wasemaji wake hawaelewani wakizungumza, ingawa herufi zao ni zile zile. Herufi moja yenye maana ya “msitu”, ambayo pia ni jina la ukoo, husomwa Lin kwa Kimandarini cha kaskazini, Lam kwa Kikantoni cha Guangzhou na Hong Kong, na Lim kwa Kihokieni, lugha ya kusini mwa jimbo la Fujian. Ile m ya mwisho katika Limahong ni mhuri wa forodhani. Inamtoa mtu wetu kaskazini moja kwa moja, maana huko m za mwisho wa silabi zilikwisha geuka n.

Na Fujian ndiko ambako ungetarajia. Mwaka 1567 serikali ya Ming ililegeza marufuku yake ya biashara ya baharini na kuruhusu merikebu kuondoka katika bandari ya Yuegang, kusini mwa jimbo hilo. Miaka minne baadaye Wahispania wakaifanya Manila makao yao, na wafanyabiashara wa Fujian wakamiminika huko na hariri na vyombo vya kaure kufuata madini ya fedha kutoka Amerika. Wachina ambao Wahispania walizungumza nao, wakawauliza “huyu haramia ni nani?”, walikuwa watu wa Kihokieni.

Sasa tulisikilize jina upya kwa sikio hilo. Lim ni ukoo. A ni kile kitangulizi ambacho watu wa kusini mwa China huweka mbele ya jina la mtu wanayemfahamu, kwa mazoea au kwa kumshusha kidogo. Sisi tungeweza kuliweka karibu na “ka” ya dharau au “mzee” ya utani, kutegemea anayesema. Inabaki hong. Kihokieni hakina sauti ya f. Mahali ambapo Kimandarini husema f, Kihokieni mara nyingi husema h. Kwa hiyo hong ya Fujian inaweza kuwa feng ya Beijing. Herufi moja inayosomwa hivyo ni jina la ndege wa hadithi ambaye Wachina humpamba kwenye nguo za harusi. Lim A-hong. Kwa Kimandarini: Lin Feng, au kwa kitangulizi chake, Lin A-feng.

Lin Feng hakuwa mtu wa kubuniwa. Alikuwa haramia mashuhuri kutoka Raoping, eneo la Chaozhou mpakani mwa Guangdong na Fujian, ambaye maofisa wa majimbo yote mawili walimfukuza miaka ya 1570.

Mlio peke yake hata hivyo hautoshi kumfunga mtu. Majina yanafanana, na anayetafuta huona anachokitaka. Kilichomaliza kesi ni shahidi wa pili, naye aliletwa na jina jingine bovu la Kilatini.

Wakati Salcedo amemzingira Limahong, aliingia ofisa wa Kichina akiwa na merikebu zake, akimtafuta haramia huyo huyo. Wahispania walimwandika Omoncon, mara nyingine Omocon, mara nyingine na H mbele. Alipewa mapokezi ya heshima, na aliporudi Fujian katikati ya 1575 alifuatana na mapadri wawili wa shirika la Mtakatifu Augustino, Martín de Rada na Jerónimo Marín, kwa matumaini kwamba biashara na dini vingefunguliwa mlango. Ni wakati mapadri hao wako China ndipo Limahong alipotoroka, jambo ambalo liliwafedhehesha wote.

Sasa chukua kumbukumbu za kila siku za ikulu ya Ming, zile zilizoandikwa karibu na matukio yenyewe. Katika maingizo ya 1576 kuna taarifa ya mkuu wa jimbo la Fujian, Liu Yaohui. Anaripoti kwamba ofisa wake Wang Wanggao, akisaidiwa na askari wa Luzon, amempiga haramia Lin Feng baharini, amechoma merikebu na kukata vichwa, na kwamba Feng ameuvunja mzingiro akakimbia. Pamoja na taarifa hiyo zililetwa barua na zawadi kutoka Luzon.

Lisome jina Wang Wanggao kwa Kihokieni: Ong Bong-ko. B ya Kihokieni iko karibu sana na m, na Mhispania akaisikia hivyo. O-mon-con. Majina mawili, katika kisa kimoja, mwaka mmoja, mahali pamoja, yote mawili yakifuata sheria zile zile za sauti. Mwaka 1930 mwanahistoria Zhang Xinglang alichapisha katika jarida la Chuo Kikuu cha Yenching utafiti wa kumsaka mtu wa kweli nyuma ya “Li Maben”, na wengine wakaongeza yao. Lin Feng ndiye aliyebaki amesimama.

Na Lin Daoqian? Yeye naye alikuwa haramia halisi wa zama hizo hizo. Alikwenda zake Patani, kusini mwa Thailand ya leo, na huko bado anakumbukwa kwa hadithi nyingi. Waandishi wa historia rasmi, zaidi ya karne na nusu baada ya tukio, walichanganya maharamia wawili wa ukoo mmoja. Nalipenda funzo hili dogo: karatasi ya serikali ilikosea, na tahajia mbovu ya wageni waliokuwa wanahangaika kutamka ikawa sahihi.

Limahong alikuwa na bahati ya kuandikwa na watu wasio na mfumo wowote, wakiandika walichosikia. Mambo yaligeuka magumu kwa namna nyingine mifumo ilipoanza kutungwa. Waingereza wawili, Thomas Wade aliyechapisha kitabu chake cha mafunzo mwaka 1867 na Herbert Giles aliyetoa kamusi mwaka 1892, ndio waliotupa tahajia zilizotawala vitabu vya Kiingereza kwa karibu karne moja. Serikali ya China ikapitisha pinyin mwaka 1958. Mfumo wa Wade na Giles ulikuwa makini, lakini makini yake yote iliegemea alama moja ndogo kama ile ya ng’ombe. Alama hiyo ilitenganisha sauti yenye pumzi na isiyo na pumzi. Chang bila alama ni Zhang wa leo. Ch’ang yenye alama ni Chang wa leo. Hizo ni koo mbili tofauti kabisa.

Wamvita hawahitaji kufafanuliwa. Wanajua kwamba paa la nyumba na p’aa wa mwituni havitamkwi sawa, wala kaa la moto na k’aa wa pwani, na wanajua pia kwamba Kiswahili sanifu kiliamua kutoiandika pumzi hiyo. Magazeti ya Kiingereza yalifanya hivyo hivyo kwa Wachina: alama ilikuwa usumbufu kwa wapanga chapa, ikaachwa. Kwa hiyo ukikuta “Chang” katika gazeti la 1920, hujui kama ni huyu au yule, na gazeti lenyewe halikujua.

Wakati mwingine jina moja limeshonwa kwa vitambaa viwili. Chiang Kai-shek hakuwa Mkantoni; alizaliwa Zhejiang. Lakini alipandia ngazi za siasa huko Guangzhou, na jina lake la pili likatoka nje ya nchi katika matamshi ya Kikantoni, Kai-shek, hali ukoo wake uliandikwa kwa mfumo wa Kimandarini. Katika pinyin angekuwa Jiang Jieshi. Mwaka 2009 wasomaji wa China waligundua kitabu cha msomi wa kwao ambamo jina hilo, lililotoka Kiingereza, lilirudishwa kwa Kichina kama mtu mpya kabisa aitwaye Chang Kaishen. Ilikuwa kicheko cha nchi nzima. Mimi sikucheka sana. Yeyote aliyewahi kutafsiri usiku wa manane anajua jinsi jina linavyoweza kukupita huku umeliangalia.

Kwa majina ya watu wa kawaida, waliohama kutafuta riziki, mambo huwa yamechanganyika zaidi, kwa kuwa mwandishi alikuwa karani wa bandari. Ukoo mmoja tu, ule unaoandikwa Chen katika pinyin, uligeuka Chan Hong Kong, Tan Singapore na Manila, Chin kwa wasemaji wa Kihaka, lugha nyingine ya kusini mwa China, na Trần huko Vietnam. Kinyume chake ni kibaya zaidi, pale tahajia moja inapoficha koo mbili. Jina Ng ni mfano wa kila mtu. Likitoka kwa Mkantoni, huenda ni ukoo wa Wu. Likitoka kwa Mhokieni, huenda ni ukoo wa Huang. Waingereza hushindwa hata kulitamka na huongeza irabu wasizoulizwa. Msemaji wa Kiswahili ana bahati: ni ile ng’ ya ng’ombe, ikisimama yenyewe kama silabi jinsi m inavyosimama katika mtu.

Halafu kuna suala la wapi jina linaanzia na wapi linaishia. Wachina hutanguliza ukoo. Makarani wa Kizungu walitarajia ukoo uwe mwisho, na wakaukuta mwisho hata pale usipokuwepo. Jean Ping wa Gabon, aliyekuwa mwenyekiti wa Kamisheni ya Umoja wa Afrika kuanzia 2008 hadi 2012, ni mtoto wa Mchina kutoka Wenzhou aitwaye Cheng Zhiping. Ukoo ni Cheng. Ping ni mkia wa jina la baba, ukageuka ukoo wa familia ya Kigabon. Mtu akienda Wenzhou kuuliza ukoo wa Ping ataambiwa haupo, na atarudi akiamini kwamba kisa kizima ni uongo.

Ufilipino wana mtindo wao. Majina mengi ya familia za asili ya Kichina huko huishia na co. Mhamiaji mmoja wa karne ya 19 kutoka Fujian, Co Yu Hwan, aliitwa na watu kwa heshima kwa kuongezewa “ko” mwishoni, neno la Kihokieni la kaka mkubwa. Likatoka jina Cojuangco, ambalo ndani yake mna ukoo, jina la mtu na neno “kaka” vyote vimeshikanishwa. Ni kama karani amsikie jirani akimwita Kaka Juma, halafu aandike katika pasipoti ya kizazi kizima: Kakajuma. Mjukuu wa ukoo huo, Rais Corazon Aquino, alikwenda mwaka 1988 mpaka kijiji cha Hongjian huko Fujian kuuona msingi wa familia yake. Co ya mwanzo, kwa Kimandarini, ni Xu. Ungeanza na pinyin usingefika kijijini hata siku moja.

Huko Marekani mtafutaji anaweza kufanya kila kitu sawasawa na bado akaangukia shimoni. Sheria ya 1882 iliwazuia vibarua wa Kichina kuingia nchini, ikadumu mpaka 1943. Tetemeko na moto wa San Francisco wa 1906 viliteketeza kumbukumbu za uzazi, na wanaume wengi wakadai kwamba walizaliwa hapo hapo, hivyo wana haki ya kuleta watoto wao. Nafasi za watoto hao zikauzwa. Kijana wa ukoo mmoja alinunua karatasi za ukoo mwingine, akakariri ramani ya kijiji ambacho hakukulia na majina ya majirani wa kubuni, akajibu maswali ya maofisa wa uhamiaji kwa siku kadhaa. Waliitwa wana wa karatasi. Jina lake Marekani likaandikwa sahihi kabisa, kila sauti mahali pake, na halikuwa lake. Katika familia nyingi jina la kweli lilibaki nyumbani, likisemwa kwa sauti ya chini, mpaka serikali ilipoanzisha utaratibu wa kuungama miaka ya 1950.

Kwa hiyo mtu makini hutafuta mahali ambapo mwenye jina aliandika mwenyewe kwa herufi zake. Majalada ya uhamiaji ya Marekani mara nyingi yana sahihi ya Kichina pembeni ya tahajia ya ofisa, na sahihi hiyo moja inaweza kuokoa miaka ya kubahatisha. Vitabu vya koo vilivyotunzwa vijijini ni hazina nyingine. Na makaburi. Wachina waliokufa ughaibuni mara nyingi waliandikiwa jina kwa herufi za kwao, na mara nyingi pamoja na wilaya walikotoka. Wilaya hiyo hukupa lahaja, na lahaja ndiyo ufunguo wa tahajia. Dar es Salaam tunalo eneo la makaburi ya wataalamu wa Kichina, pale Gongo la Mboto, na anayesoma herufi hupata hapo kwa dakika moja kile ambacho orodha ya Kilatini ingemficha.

Pwani yetu nayo imo katika mchezo huu, ila kwa upande wa pili wa kioo. Majina ya miji yetu yaliingia katika herufi za Kichina, kisha yakarudishwa kwetu kwa Kilatini na Wazungu waliosoma vitabu hivyo. Mogadishu ilikwenda ikarudi kama Mu-ku-tu-shu katika vitabu vya zamani na Mugudushu katika vya leo, hiyo inatambulika. Ma-lin, ambako twiga alitoka kupelekwa kwa mfalme Yongle mwaka 1415, wengi wanakubali kuwa ni Malindi. Lakini kuna pia Mo-lin. Jina hilo limo katika maelezo ya Du Huan, Mchina aliyetekwa katika vita vya Talas mwaka 751, akazunguka nchi za Waislamu na kurudi kwao mwaka 762. Kuna waliolichukua moja kwa moja kuwa Malindi kwa sababu ya mlio, na kuna waliolipeleka pwani ya Eritrea au sehemu nyingine kabisa za Afrika. Wanaoipenda Malindi wana silabi mbili mkononi. Hawana Omoncon wao, shahidi wa pili wa kuwaunga mkono, na bila huyo mimi nisingeweka dau.

Pate, mambo ni moto zaidi. Kuna simulizi kwamba Shanga, mji uliokuwa kusini mwa kisiwa hicho, uliitwa hivyo na mabaharia Wachina walioikumbuka Shanghai. Simulizi ni tamu na watalii wanaipenda. Lakini uchimbaji ulioongozwa na Mark Horton umeonyesha watu wakiishi Shanga tangu karne ya 8, na mji kuhamwa mwanzoni mwa karne ya 15. Misafara ya Zheng He, jemadari wa merikebu za Ming, ilianza 1405 na ilifika pwani hii baadaye kidogo, mji ukiwa unaelekea ukingoni. Anayetaka jina litoke Shanghai anapaswa kutueleza wenyeji waliuitaje mji wao kwa miaka mia sita kabla ya hapo, na kwa nini waliubadilisha walipokuwa karibu kuuhama. Tena shanga ni neno ambalo kila mwanamke wa pwani analo kiunoni. Kwamba vyombo vya China vimeokotwa kwa wingi Pate ni kweli, na hilo ni jambo jingine.

Turudi Manila kumalizia. Katika kisa cha Limahong wamo watu wengine wawili ambao majina yao huwa nayatazama. Mkalimani wa Wahispania anaitwa Sinsay. Kwa Kihokieni hilo halionekani kuwa jina la mtu. Ni sinse, neno la kumwita mwalimu au bwana mwenye elimu. Wahispania walisikia Wachina wenzake wakimwita kwa heshima, wakadhani ndiyo jina lake. Ni sawa na mgeni arudi kwao aseme alihudumiwa Bagamoyo na mtu aitwaye Fundi.

Wa pili ni Sioco, aliyeongoza mashambulizi ya Manila kwa niaba ya Limahong. Maandishi ya Kihispania yanasema alikuwa Mjapani. Lakini ukitazama jina, linaishia na ile ile co ya Cojuangco, yaani kaka. Huenda Wachina walikuwa wamempa Mjapani huyo jina la kwao na kumwita kaka. Huenda Wahispania walikosea utaifa wake. Na huenda ni jina la Kijapani lililofanana tu na la Fujian, kama Shanga ilivyofanana na Shanghai.